UZI: Kupanga pointi za mhusika wako Elden Ring kabla hujazitapanya

Fundi wa Pointi (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam.

Kila baada ya siku chache swali linarudi lile lile kwa sura nyingine. Nianze na nani? Pointi niweke wapi? Mbona nina leveli 60 na bosi ananimaliza kwa pigo moja? Nimeona nishushe uzi mmoja tumalizane. Naongelea Elden Ring, gemu ya FromSoftware iliyotoka Februari 25, 2022, pamoja na nyongeza yake Shadow of the Erdtree ya Juni 2024. Majina ya sifa nayaacha kama yalivyo kwenye skrini ili mtu asipotee: Vigor (uhai), Mind (akiba ya kutumia uchawi na skili), Endurance (pumzi na mzigo), Strength (nguvu), Dexterity (wepesi), Intelligence (uchawi), Faith (dua) na Arcane (humo mna mambo ya damu). Kila leveli inakupa pointi moja, na hakuna sifa inayopita 99.

Tuanze na hesabu ambayo wengi wanairuka. Chukua mhusika yeyote wa kuanzia, jumlisha sifa zake nane, toa leveli yake. Jibu ni 79, kila mara. Samurai anaanza leveli 9, jumla yake 88. Astrologer leveli 6, jumla 85. Wretch, yule anayeanza karibu uchi na rungu mkononi, yuko leveli 1 na kila sifa ina 10, jumla 80. Ndiyo maana leveli ya mwisho ya gemu ni 713: nane mara 99 ni 792, toa 79. Kwa hiyo anayekwambia Vagabond, mhusika mwingine wa kuanzia, "kapewa pointi nyingi" anakuuzia mbuzi kwenye gunia.

Tofauti yao iko kwenye pointi zilizokaa mahali ambapo huna kazi nazo. Hizo zimeganda. Hata ukizaliwa upya kwa Rennala, bosi anayekuruhusu kupanga pointi upya, sifa haishuki chini ya pale mhusika wako alipoanzia, na mhusika wenyewe hubadilishi.

Sasa namna ya kupanga. Anza na silaha, kisha rudi nyuma. Tuseme unautaka upanga wa Moonveil, ule wa Gael Tunnel kule Caelid. Unadai Strength 12, Dexterity 18, Intelligence 23. Safari yako unataka iishie leveli 150. Pointi zote utakazokuwa nazo siku hiyo ni 150 jumlisha 79, yaani 229. Toa yasiyo na mjadala: Vigor 60, Mind 25, Endurance 25, Strength 12, Dexterity 18. Zimekwenda 140, zimebaki 89. Prisoner amezaliwa na Faith 6 na Arcane 9 ambazo hazimsaidii, zinakula 15, Intelligence inafika 74. Samurai ana 8 na 8, anaishia 73. Astrologer naye 73. Anayeumia ni Hero: Strength yake inaanzia 16, Faith 8, Arcane 11, kwa hiyo anakwama kwenye 66.

Mmeona? Watu wanarushiana maneno kurasa nzima, Prisoner au Astrologer, na ugomvi wenyewe ni wa pointi moja. Mchague mhusika kwa sababu ya masaa ya mwanzo. Samurai anaingia na Uchigatana na upinde, Astrologer na fimbo na uchawi wa kurusha. Huko mbele watakutana.

La pili ni Vigor. Hapa nitakuwa mkali kidogo. Vigor 15 inakupa uhai 522. Vigor 40 inakupa 1,450. Kati ya hapo kila pointi inakuletea wastani wa 37. Kutoka 40 mpaka 60 unafika 1,900, wastani wa 22 na ushei kwa pointi, bado ni mali. Baada ya 60 dari limefika: pointi 39 zote mpaka 99 zinakuongezea uhai 200 tu. Kwa hiyo 40 mapema, 60 baadaye, na baada ya hapo usiiguse tena.

La tatu linawaudhi wengi. Mwanzoni nguvu ya kupiga haitoki kwenye Strength wala Dexterity, inatoka kwa Hewg, mhunzi wa Roundtable Hold. Silaha ya kawaida inapanda mpaka +25, ya mawe ya Somber (silaha maalumu) mpaka +10, na kila hatua inapandisha vitu viwili kwa pamoja: nguvu ya msingi ya silaha, na kiwango ambacho silaha inazitumia pointi zako. Zile herufi E, D, C, B zinazoonyesha kiwango hicho zinapanda na silaha. Pointi kumi za Strength juu ya panga la +2 utazitafuta kwa tochi. Pointi hizo hizo juu ya panga la +20 zinaonekana. Ndiyo maana nasema Vigor kwanza, mawe ya mhunzi pili, sifa ya kupigia tatu.

Kama huniamini, kaa kwenye Site of Grace (kituo cha kupumzikia), fungua ukurasa wa kupanda leveli, peleka mshale kwenye Strength na uongeze bila kuthibitisha. Angalia namba za upande wa kulia zinazogeuka buluu. Rudisha, fanya hivyo hivyo kwenye Vigor. Gemu yenyewe inakuonyesha utakachopata kabla hujatoa hata runi moja (sarafu ya kupandia leveli), na ukibonyeza kurudi nyuma hakuna kilichopotea.

Karibuni mchangie. Wa kupinga aje na namba.

---

Kivuli cha Ukuta

Naweka kambi hapa. Shusha nondo mkuu.

---

Mchawi wa Mwezi

Mkuu heshima yako, lakini hiyo Vigor 60 mnaihubiri kama dini. Mimi ni mtu wa fimbo. Kazi yangu ni kumaliza mtu kabla hajanifikia. Ukiwa na Intelligence 18 tu unachukua Meteorite Staff kule Caelid, ina herufi S tangu siku ya kwanza, na uchawi wa Rock Sling uko jirani na wenyewe unataka 18. Astrologer anaanza na 16. Yaani leveli mbili tu umeshaanza kuwaangushia watu mawe vichwani. Nikiweka pointi zangu kwenye Intelligence badala ya Vigor, bosi wa mwanzo haoni hata nusu ya pili ya pambano. Kubingirika kupo kwa ajili gani?

---

Fundi wa Pointi

Mchawi, hoja yako ina uzito kwa saa za mwanzo, wala sikatai. Tena Meteorite Staff inanisaidia mimi kuliko wewe. Ile fimbo haipandishwi kwa mhunzi hata kidogo. S yake ni ya kudumu, inakubeba mpaka katikati ya gemu ukiwa na Intelligence ya kawaida, kwa hiyo hiyo ndiyo nafasi yako ya kumwaga pointi kwenye Vigor wakati fimbo inafanya kazi ya kuua.

Halafu angalia milango iliyo mbele yako. Fimbo ya Lusat inataka Intelligence 52. Carian Regal Scepter inataka 60. Uchawi wa Comet Azur nao 60. Kati ya 18 na 52 kuna njia ndefu ambayo kila pointi inaongeza maumivu kidogo kidogo lakini haifungui fimbo kubwa. Katika njia hiyo ndiyo unatakiwa ujenge uhai. Ukifika Leyndell, mji mkuu, na Vigor 18, hata askari wa kawaida anakuhesabia mapigo mawili.

Kubingirika kupo, sawa. Ila kuna mabosi wenye mashambulizi ya eneo zima, na kuna kamera inayokusaliti ukutani. Uhai ni kwa ajili ya hizo.

---

Nyundo Nzito

Wakuu, tuongee ya wanaume wa vyuma vizito sasa.

Kitu ambacho mwanzisha uzi hajakigusa: ukiishika silaha moja kwa mikono miwili, Strength yako inahesabiwa mara moja na nusu. Hii inabadilisha mpango wote. Greatsword, lile pande la chuma, linadai Strength 31. Ukilishika kwa mikono miwili unahitaji 21 tu, ile alama nyekundu kwenye picha ya silaha inabaki lakini mkononi linapiga sawasawa. Dexterity 12 lazima iwepo lakini, mikono miwili haisaidii Dexterity.

Sasa kamba nzima inafungukia hapa. Strength 54 kwa mikono miwili inasomeka 81, umeshavuka 80, ambapo pointi zinaanza kuchoka. Strength 66 inasomeka 99. Mtu anayepeleka Strength 80 na kazi yake yote ni ya mikono miwili ana pointi 14 zinazomlipa kidogo sana.

Hesabu ya bildi yangu (mpango wangu wa pointi) ya leveli 125, jumla 204: Vigor 60, Mind 14, Endurance 26, Strength 66. Nikianza na Hero, Dexterity napandisha mpaka 12, zinabaki Intelligence 7, Faith 8, Arcane 11. Piga jumla, 204 kamili. Nikianza na Vagabond, Dexterity yake tayari 13, Intelligence 9, Faith 9, Arcane 7. Jumla 204 kamili vile vile. Kwa hiyo kwa bildi hii Hero na Vagabond ni droo. Wretch anapitwa pointi nne.

Silaha nafunga Heavy, aina ya mageuzi ya silaha ambayo inaondoa utegemezi wa Dexterity na kuupeleka wote kwenye Strength. Bila Heavy msinisumbue.

---

Kivuli cha Ukuta

Hiyo mara moja na nusu inafanya kazi ukibeba nyundo mbili, moja kila mkono?

---

Nyundo Nzito

Hapana. Silaha moja, mikono miwili. Ukibeba mbili unapata mapigo mengi lakini Strength inasomeka ilivyo. Kwa mtu wa mbili mbili, hapo sasa 80 ina maana.

---

Mgeni wa Limgrave

Wakuu shikamoni, na mnisamehe kwa swali la kitoto. Nilianza na Vagabond. Niko leveli 42, natumia Claymore +3. Sifa zangu: Vigor 18, Mind 14, Endurance 16, Strength 20, Dexterity 18, Intelligence 16, Faith 12, Arcane 7. Niliongeza Intelligence kwa sababu niliokota fimbo, na Faith kwa sababu nilitaka kujiponya. Nimekwama Liurnia, eneo la pili baada ya Limgrave, kila kitu kinaniua. Nifute nianze upya?

---

Fundi wa Pointi

Marahaba mdogo wangu. Usifute chochote.

Jumla yako ni 121, sawa kabisa na leveli 42. Bildi yako haijafa, imetawanyika tu. Kuna pointi 7 kwenye Intelligence, 3 kwenye Faith na 4 kwenye Mind ambazo hazipigi wala hazikulindi. Dexterity nayo umeiongezea 5, na Claymore inataka Strength 16 na Dexterity 13 tu, ambazo Vagabond anakaribia kuzaliwa nazo zote.

Kwa vile uko Liurnia, dawa yako iko humo humo. Rennala yuko ndani ya Academy of Raya Lucaria. Ukishamshinda anabaki maktabani, na ukimpelekea Larval Tear moja anakuzaa upya: pointi zako zote zinarudi mkononi, unazipanga kwa utaratibu, runi hazitumiki. Tear moja inauzwa na Pidia, mtumishi wa Caria Manor. Ila ni za kuhesabika, usiende kuchezea.

Ukizaliwa upya kwenye leveli hiyo hiyo 42, panga hivi: Vigor 35, Mind 10, Endurance 14, Strength 24, Dexterity 13, Intelligence 9, Faith 9, Arcane 7. Piga jumla mwenyewe, 121. Uhai wako utakaribia mara mbili ya ulionao na kwenye panga hutapoteza chochote cha kulilia, mradi ulifunge Heavy. Kwa Heavy unahitaji Whetstone Knife ya Gatefront Ruins na Iron Whetblade iliyoko Stormveil. Kama ulipita Stormveil mbio bila kuokota, rudi.

Na kabla ya yote hayo, Claymore +3 ukiwa Liurnia ni aibu ndogo. Mawe yanahitajika mawili, manne, sita kwa kila ngazi tatu. Ingia kwenye migodi, ile yenye alama ya duara jeusi lenye mdomo wa machungwa kwenye ramani, utayakuta ukutani. Hilo halihitaji Rennala, unaweza kulifanya sasa hivi.

---

Dada wa Mishumaa

Nimemsoma Mgeni nikaona nisipite kimya, maana hapa kila mtu anamwambia mwenzake Faith 12 ni uchafu.

Inategemea. Faith ina ngazi mbili za bei nafuu ambazo watu wa Strength wanazipuuza. Faith 15 inafungua Flame, Grant Me Strength, inayoongeza pigo la kawaida na la moto kwa asilimia 20 kwa nusu dakika. Faith 25 inafungua Golden Vow: pigo asilimia 15 juu, na maumivu unayopokea yanapungua. Hizi mbili zinapatana, unaziwasha zote kabla ya mlango wa ukungu wa bosi. Linganisha na kuweka pointi zile zile kwenye Strength iliyokwisha kufika 54. Mimi najua nitachukua lipi.

Kwa hiyo mpango wa mtu wa chuma anayetaka dua ni huu: Confessor, ana Strength 12, Dexterity 12, Faith 14 tangu kuzaliwa. Pointi moja tu na dua ya kwanza iko mkononi.

Halafu nisahihishe jambo ambalo nimeona likisemwa kwenye nyuzi nyingine. Ukifunga silaha kwa Fire, haitumii Faith, inatumia zaidi Strength. Lightning inatumia zaidi Dexterity. Zinazotumia Faith ni Flame Art na Sacred. Mtu anaweka Faith 40 halafu anafunga Fire na kushangaa mbona namba haisogei. Haisogei kwa sababu haiulizi Faith.

---

Nyundo Nzito

Dada, Golden Vow ipo pia kama Ash of War, skili unayoifunga kwenye silaha. Haidai Faith hata moja.

---

Dada wa Mishumaa

Ipo kaka, na nguvu yake ni ndogo na inaisha haraka. Tena inakaa kwenye silaha, kwa hiyo unapoteza nafasi ya skili yako, labda ubebe kisu cha pembeni kwa kazi hiyo peke yake. Wengi wanafanya hivyo na si vibaya. Ila wewe ulishasema Mind yako ni 14, utaiwasha na kupiga Lion's Claw mara ngapi?

---

Nyundo Nzito

Hapo umenishika. Ngoja nikaone Mind 18 inanipunguzia nini.

---

Tone la Damu

Mmeongea yote mkasahau wenye Arcane, sifa yatima ya gemu hii.

Watu wanadhani Arcane inaongeza damu kwa silaha yoyote. Si kweli. Inaongeza kasi ya kutoa damu kwa silaha ambayo Arcane inaonekana kwenye herufi zake. Uchigatana ya Samurai inatoa damu tangu dakika ya kwanza, lakini ikiwa ya kawaida au Keen (inayoegemea Dexterity), Arcane 50 haiigusi. Ukiifunga Blood ndipo Arcane inaingia. Rivers of Blood yenyewe inayo tayari, inadai Strength 12, Dexterity 18, Arcane 20.

Ushauri wangu kwa anayeanza: Samurai, chukua Uchigatana ya pili Deathtouched Catacombs huko huko Limgrave, shika mbili, ruka piga. Damu ikijaa inachota sehemu ya uhai wote wa adui, kwa hiyo kadiri bosi anavyokuwa na mwili mkubwa ndivyo unavyofaidi. Hata Malenia anatoka damu.

Tatizo ni kwamba wapo wasio na damu. Elden Beast, bosi wa mwisho kabisa, haumwagi tone. Mafuvu na viumbe vya mawe nao hivyo hivyo. Ukiwa umejenga kila kitu kwa ajili ya damu, pambano hilo la mwisho utalipiga kwa jasho. Weka pembeni silaha moja ya Keen au hata nyundo, iliyopandishwa vizuri, kwa ajili ya siku hiyo. Strength 12 na Dexterity zako zinatosha kushika vitu vingi.

---

Mchawi wa Mwezi

Kwenye Dexterity na mimi niongeze kitu kwa watu wa fimbo. Dexterity inafupisha muda wa kutamka uchawi, na inaacha kusaidia ikifika 70. Hirizi ya Radagon Icon inahesabika kama Dexterity 30 kwa kazi hiyo. Kwa hiyo mtu wa Moonveil mwenye Dexterity 18 akivaa Icon anatamka kama mwenye 48. Kuna wanaopeleka Dexterity 40 makusudi ili wakivaa hirizi wafike 70. Mimi naona ni anasa, pointi 22 hizo ni Vigor yako, Fundi, kabla hujaniambia.

---

Fundi wa Pointi

Sikutaka kusema neno.

Niongezee hapo hapo kwenye hirizi, maana zinaharibu mipango ya wengi. Radagon's Soreseal ya Fort Faroth inakupa pointi 5 kwenye Vigor, Endurance, Strength na Dexterity. Pointi 20 za bure, kila mtu anaivaa. Bei yake ni kupokea maumivu zaidi kwa asilimia 15. Kwa leveli za chini inalipa, hasa kama silaha unayoitaka imekukosa kwa pointi tatu nne. Ukishafika Vigor 60 ile tano yake haina maana tena lakini asilimia 15 bado unailipa. Ivue. Na unapopanga, panga bila hirizi. Ukijenga bildi ambayo inashika silaha kwa sababu ya hirizi tu, siku unahitaji ile nafasi kwa kitu kingine panga linageuka gogo.

Vivyo hivyo Great Rune ya Godrick, inayoongeza tano kwenye kila sifa. Inadai Rune Arc, kitu unachokitumia ili iwake, na ukifa imezimika. Ifurahie ikiwepo, usiihesabu.

---

Kivuli cha Ukuta

Endurance je? Mmeitaja kama mtoto wa kambo.

---

Fundi wa Pointi

Endurance ina kazi mbili kubwa: pumzi na mzigo. Kwa mzigo kuna mistari miwili. Chini ya asilimia 30 unabingirika mwepesi. Chini ya 70 unabingirika wa kati, na huo unatosha kwa karibu kila kitu. Ukivuka 70 unaanguka kama gunia. Kwa hiyo chagua kwanza silaha na mavazi unayotaka kuvaa mwisho wa safari, angalia uzito, kisha weka Endurance mpaka ukae chini kidogo ya 70. Hirizi ya Great-Jar's Arsenal inasukuma mzigo kwa asilimia 19, mara nyingi inashinda kuongeza pointi nane za Endurance. Kwa mtu mwepesi 20 hadi 25 inatosha. Nyundo hapo juu ana 26 kwa sababu ya chuma chake.

---

Mwindaji wa Usiku

Mimi nauliza ya kucheza na wenzangu mtandaoni. Kwa nini kila mtu anasema 125 au 150? Kwa nini nisiende 300 nikashika kila kitu?

---

Tone la Damu

Gemu inakukutanisha na watu wa leveli zinazokaribiana na yako, na inaangalia pia umepandisha silaha mpaka wapi. Leveli 125 na 150 ni makubaliano tu ya wachezaji, hazijaandikwa popote ndani ya gemu. Hapo ndipo watu wengi walipo, na hapo bado unalazimika kuchagua: ukitaka Intelligence 80 utaikosa Strength. Ukienda 300 unashika kila kitu lakini bildi yako na ya jirani zinafanana.

Angalizo: ukipandisha silaha hata moja mpaka +25 ukiwa leveli 40, unahesabika nayo hata kama umeiweka sandukuni. Kwa anayetaka kusaidia wenzake wa Limgrave, hilo linafunga mlango.

---

Mwindaji wa Usiku

Na nyongeza? Nimeingia Shadow of the Erdtree na leveli 160, Vigor 60, nakufa kama kuku.

---

Fundi wa Pointi

Kule leveli yako imewekwa pembeni kwa makusudi. Kinachohesabika ni Scadutree Fragments. Ziko 50, zinakupandisha mpaka baraka ya 20, na kila ngazi inaongeza pigo lako na kupunguza unachopokea, ndani ya nchi ile tu. Mtu wa leveli 120 mwenye baraka 12 anaishi vizuri kuliko wewe wa 160 mwenye baraka 3. Usirudi nje kusaka runi. Zunguka na farasi, angalia misalaba ya Miquella na sanamu za Marika, okota, kisha rudi kwa bosi. Hapo ndipo Vigor 60 yako itaanza kuonekana.

---

Mgeni wa Limgrave

Wakuu nimerudi. Rennala ameanguka, nilipandisha Claymore mpaka +8 kwanza kama kaka Fundi alivyosema. Nimezaliwa upya kwa mpango ule ule. Heavy nimefunga. Tofauti naiona, wale mashujaa wa farasi sasa wananipa nafasi ya kunywa chupa. Nina runi za kupanda leveli nne. Dada wa Mishumaa amenitamanisha na ile Faith 15, niende huko?

---

Dada wa Mishumaa

Bado mdogo wangu. Una Faith 9, hiyo ni pointi sita, na utahitaji nafasi mkononi ya kushika muhuri wa dua pamoja na Mind ya kuuwashia. Maliza Vigor 40 kwanza, zinabaki tano tu.

---

Nyundo Nzito

Naunga mkono. Nne ziende Vigor, zifike 39, ya tano utaipata kwa askari wa pale nje. Halafu Strength mpaka 36, ambayo kwa mikono miwili ni 54. Ukifika hapo njoo tuongee Greatsword, Dexterity yako inatosha tayari.

---

Mgeni wa Limgrave

Vigor 39 imeingia. Hiyo Greatsword inapatikana wapi?

---

Nyundo Nzito

Caelid, karibu na Caelem Ruins, ndani ya mkokoteni ulioegeshwa njiani. Kuna mbwa wawili wakubwa wanazunguka. Usipigane nao, pita na farasi, okota, ondoka.